Filamu imejirudia katikati: flashi mbovu au ndivyo ilivyo?

SWALI: Kaka, habari za kazi. Mimi na mchumba wangu ni watu wa sizoni za Kikorea, tumezimaliza karibu zote. Juzi tumepewa flashi yenye filamu inaitwa Right Now, Wrong Then, tukaambiwa ni ya mapenzi na imepata tuzo kubwa. Tumetazama kama saa moja hivi, mara jina la filamu likatokea tena na yule jamaa akaanza upya kule kule kwenye ikulu ya zamani. Mchumba wangu akasema faili limejirudia, akaanza kusogeza mbele. Mimi nikaona mbona maneno siyo yale yale. Tunabishana hadi leo. Yeye anasema nusu ya pili ni ndoto ya yule mwongozaji, mimi nasema ya kwanza ndiyo ya uongo. Ipi ya kweli? Tena sote tuliiona kama haijatengenezwa vizuri. Halafu nina dukuduku jingine. Mwanamume ana mke wake nyumbani, anakwenda kumtongoza binti wa watu, na mwisho eti tumuonee huruma? Haya ni mapenzi gani?

JIBU: Faili lenu ni zima, dada yangu. Nimecheka peke yangu nilipofika pale shemeji aliposhika rimoti, kwa sababu mimi mara ya kwanza nilifanya kituko zaidi. Niliichomoa flashi, nikaipuliza, nikaichomeka upya, nikasogeza hadi pale pale. Jina likatokea tena. Ndipo nilipokubali kwamba mwenye filamu kaamua.

Mwenye filamu ni Hong Sang-soo, mzaliwa wa Seoul, 1960, aliyesoma kwao kisha akaenda Marekani, California na Chicago. Filamu yake ya kwanza ilitoka 1996 na tangu hapo hajatulia. Mwaka 2017 peke yake alitoa tatu. Hii yenu ni ya 2015, ina dakika 121, na Agosti mwaka huo ilichukua Chui wa Dhahabu, tuzo ya juu kabisa ya tamasha la Locarno huko Uswisi. Jung Jae-young, yule aliyeigiza mgeni, naye akaondoka na tuzo ya mwigizaji bora wa kiume. Kwa hiyo aliyewaambia habari za tuzo hakuwadanganya. Kwenye "ya mapenzi" ndipo alipofupisha mno.

Kwa wasomaji ambao hawajaiona, kisa chenyewe kinaenea kwenye kiganja. Ham Chun-su ni mwongozaji wa filamu kutoka Seoul. Amealikwa Suwon, mji ulio kusini ambao hata treni za mjini za Seoul zinaufikia, aonyeshe filamu yake na kuzungumza na watazamaji. Ratiba imevurugika, amefika siku moja kabla. Hana la kufanya, anakwenda kuzurura kwenye ikulu ya Hwaseong Haenggung, na pale anamkuta binti amekaa peke yake anakunywa maziwa ya ndizi. Ni Yoon Hee-jung, aliyewahi kuwa mwanamitindo na sasa anachora. Kim Min-hee ndiye anayemwigiza. Wanakwenda kunywa kahawa, wanakwenda kwenye chumba chake cha kuchorea, wanakwenda kula sushi na kunywa soju, pombe kali ya Kikorea, mpaka macho yanakuwa mekundu, halafu wanaishia kwa marafiki wa binti. Kesho yake ni ile shughuli ya filamu, kisha mgeni anarudi alikotoka. Basi. Halafu jina linatokea, na siku ile ile inaanza tena na ikulu ile ile, maziwa yale yale ya ndizi.

Sasa ugomvi wenu. Shemeji akisema ndoto, mwulize ni nani aliyeamka. Hakuna. Hakuna anayelala akaota, hakuna moshi wala muziki wa kutuambia kwamba sasa tumeingia kichwani mwa mtu. Wewe nawe unayesema ya kwanza ni ya uongo umedanganywa na jina la filamu, na hapo sikulaumu, jina limetegwa. Kwa Kikorea filamu inaitwa kitu kama "Sasa ndiyo sawa, wakati ule ni kosa". Ila rudini mwanzo kabisa, msome maandishi yanayofungua nusu ya kwanza. Yamegeuzwa: "Wakati ule ndiyo sawa, sasa ni kosa". Yale ya kawaida yanakuja katikati, pale shemeji aliposhika rimoti. Kila nusu inajifungulia kwa jina lake, na kila jina linaishtaki nusu nyingine. Anayetaka hakimu humo hatampata.

Na si mara yake ya kwanza. Mwaka 2000 Hong alishatoa filamu ya rangi nyeusi na nyeupe inayosimulia penzi moja mara mbili, mambo madogo madogo yakibadilika: kitu kilichoanguka mezani mara hii ni hiki, mara ile ni kile. Kwenye ile mtu aliweza kujitetea akasema labda huyu anakumbuka hivi na yule anakumbuka vile. Kwenye hii ya 2015 kamlango hako kamefungwa. Mimi naichukua kama hadithi iliyosimuliwa barazani na mtu yule yule siku mbili tofauti. Hamwulizi ipi ndiyo. Mnategea sikio pale alipobadilisha.

Na aliyebadilisha, kabadilisha kidogo sana. Mambo ya msingi ni yale yale pande zote mbili: Chun-su ana mke, Hee-jung ni mpweke, kesho mgeni anaondoka. Katika nusu zote mbili hawaishii pamoja. Kwa hiyo ukitazama kwa kusubiri "watapatana au hawatapatana", kama tulivyofundishwa na sizoni, utaona mzee kakupotezea saa mbili. Mimi nakushauri utazame kitu kimoja tu: neno "nimeoa" linatoka kinywani mwa nani, na saa ngapi.

Nusu ya kwanza halitoki kinywani mwake. Chun-su anapiga saundi siku nzima na ndoa kaificha mfukoni. Kwenye sushi anammwagia sifa binti mpaka binti anaona haya na kucheka kama mtoto. Wanafika kwa marafiki, watu wameketi, vinywaji vipo, na mmoja wao anaanza kumdodosa mgeni kwa adabu zote, maana mgeni ni mtu maarufu na habari zake zinajulikana. Ndoa inatajwa. Sifa zake za kupenda wanawake zinatajwa. Kisha linakuja lile ambalo kwangu mimi linauma kuliko la ndoa: yale maneno mazuri aliyomwambia Hee-jung mchana kuhusu mchoro wake, kumbe ndiyo maneno anayoyasema kwenye mahojiano kuhusu filamu zake mwenyewe. Mtazame Hee-jung usoni hapo. Hapigi kelele, hamwagi kinywaji. Ananywea tu, kama mtu aliyegundua kwamba gauni alilopewa zawadi limeshavaliwa na wengine. Aibu imempata mbele ya marafiki zake, na mletaji kakaa pale anatafuta pa kutazama.

Kesho yake Chun-su yumo jukwaani kwenye mazungumzo, anaulizwa swali la kawaida tu la filamu, anapandwa na hasira na kumfokea hata aliyemkaribisha. Wengi hapo wanamwona kichaa. Mimi naona anafoka kwa deni la jana.

Nusu ya pili neno lile analisema mwenyewe, na analisema mapema, mezani kwenye sushi, soju ikiwa imeshapanda. Anamwambia Hee-jung kwamba anampenda, kwamba angependa kumwoa, lakini haiwezekani kwa sababu ana mke. Kisha analia. Mwanamume mzima, kwenye kaunta ya sushi, machozi yanamtoka. Anampa pete ambayo aliiokota njiani. Ukiipima kwa mizani ya nyumbani kwetu ni kichekesho: mume wa mtu, amelewa, anaposa kwa pete ya kuokota, na kwenye posa hiyo hiyo anatangaza kwamba ndoa haipo. Lakini angalia kinachofuata. Hee-jung sasa anajua kila kitu, na anaamua mwenyewe akae au aondoke. Anakaa. Baadaye kwa marafiki Chun-su analewa zaidi, anavua nguo zote mbele ya wanawake wa watu. Jambo la aibu kuliko lolote la nusu ya kwanza, si ndiyo? Na wala haliharibu kitu kati yao. Aibu aliyoifanya mwenyewe wameimeza. Ile ya kuumbuliwa na watu wengine ndiyo iliyowakaba koo.

Kuna tukio jingine nataka mlirudie kwa makini, lile la chumba cha kuchorea. Mara ya kwanza turubai tunaliona, na Chun-su anausifu mchoro kwa maneno mazito, binti anafurahi. Mara ya pili kamera imewekwa upande ambao mchoro hauonekani kabisa, na mara hii anamwambia wazi kwamba anachora vitu vya kujifariji, hajajitoa. Hee-jung anakasirika, na ana haki. Nani kamwomba maoni? Hawa wanaume wanaodhani ukweli ni ruhusa ya kumkwaruza kila mtu ninawafahamu, na filamu haimtetei. Lakini ule ugomvi mdogo wa mchana ndio unaowafanya usiku waweze kuzungumza kama watu wawili. Kuficha mchoro nako ni ujanja wa kistaarabu. Tukiuona, mimi na wewe tungeanza kuamua kama Chun-su amesema kweli au la. Tusipouona, tunabaki kutazama nyuso.

Umeniuliza kwa nini tumuonee huruma. Hapa naomba nitofautiane nawe kidogo, dada yangu: filamu haijakuomba hilo. Zile sizoni ndizo zinazoomba. Mwanamume akilia kwenye sizoni, kamera inamkaribia kwa upole, muziki wa kinanda unaingia, mvua inanyesha kwa kupangwa. Hong hafanyi hivyo. Kamera yake inakaa mahali pamoja kama mtu wa meza ya jirani, inawatazama kwa upande dakika nyingi bila kukata, na ikitaka kusogea inavuta picha ghafla, kwa namna ambayo ukiiona mara ya kwanza unadhani mpiga picha kaigusa kwa bahati mbaya. Ameanza mtindo huo wa kuvuta kwenye filamu yake ya 2005 na hajauacha. Haukuleti karibu na moyo wa mtu. Unakuonyesha tu: tazama, mkono huu, chupa hii. Kumbuka pia kwamba nusu ya kwanza tunasikia mawazo ya Chun-su, na tangu asubuhi anajionya asije akamkaribia msichana mmoja mrembo wa upande wa wenyeji, hata kabla hajamwona Hee-jung. Filamu ambayo ingetaka tumhurumie isingetuambia hilo.

Na kwao suala hili si dogo hata kidogo. Korea Kusini, kuzini nje ya ndoa kulikuwa kosa la jinai tangu sheria ya 1953, kifungo hadi miaka miwili. Mahakama ya Katiba iliifuta sheria hiyo Februari 2015, mwaka ule ule wa filamu hii. Kwa hiyo Mkorea aliyekaa sinemani Septemba 2015 alikuwa anatazama mume wa mtu akiposa kwenye kaunta ya sushi wakati magazeti yalikuwa yametoka kubishana kama serikali ina kazi gani kitandani mwa watu. Sisi tunasema mke wa mtu sumu, wanawake wakaigeuza ikawa mume wa mtu naye sumu. Kule sumu hiyo ilikuwa na kifungu chake kwenye kitabu cha sheria.

Utakutana pia na habari hii ukitafuta majina yao mtandaoni, afadhali nikwambie mimi. Hong, ambaye ana mke, na Kim Min-hee walikuja kutangaza wenyewe Machi 2017, mbele ya waandishi wa habari mjini Seoul, kwamba wanapendana. Ilikuwa kwenye uzinduzi wa filamu nyingine, ile ambayo mwezi mmoja kabla ilikuwa imempa Kim Min-hee Dubu wa Fedha, tuzo ya mwigizaji bora wa kike ya tamasha la Berlin. Vyombo vya habari vya kwao viliwachemsha. Ombi la Hong la talaka likakataliwa na mahakama ya familia 2019, kwa kuwa sheria ya kwao kwa kawaida haimruhusu mwenye kosa ndiye aombe kuachana. Wapo wanaoichukua filamu yenu hii, ambayo ndiyo ya kwanza wao kufanya pamoja, kama barua ya kuungama. Mimi sipendi usomaji huo. Unamfanya Hee-jung awe kivuli cha mwigizaji wake, na kazi ya Kim Min-hee humo ni kubwa kuliko umbea. Mtazame tu anavyocheka mara ya kwanza kwenye sushi na mara ya pili. Uso ule ule, chupa zile zile za kijani, vicheko viwili tofauti.

Soju nayo ina kazi yake, si pambo. Mezani kwa Wakorea mtu hajimiminii. Unammiminia mwenzako naye anakumiminia, na mdogo hushika chupa au kikombe kwa mikono miwili mbele ya mkubwa, kama sisi mtoto anavyomnawisha mgeni kabla ya chakula. Kwa hiyo kulewa ni kazi ya watu wawili, kila kikombe ni ruhusa ndogo. Tafsiri ya maandishi haikupi hata robo ya haya, kama isivyoweza kumpa Mkorea uzito wa shikamoo iliyotolewa kwa kusitasita. Hee-jung anamwita mgeni kwa cheo, gamdongnim, yaani mheshimiwa mwongozaji. Cheo hicho kinampa Chun-su nguvu kabla hajafungua mdomo, na ndiyo maana sifa zake mchana zinaingia kirahisi na kashfa yake usiku inauma. Hong anasifika kwa kuwaacha waigizaji wanywe kweli mbele ya kamera. Ukiona mtu anatafuta neno na halimjii, si lazima awe anaigiza.

Umegusia pia kwamba mliiona "kama haijatengenezwa vizuri". Hukukosea, haikutengenezwa kwa namna mliyoizoea. Kiangazi cha 2015 sinema za Korea zilijaa filamu mbili za mapigano ambazo kila moja ilitazamwa na zaidi ya watu milioni 12. Hong yuko ng'ambo ya pili kabisa: kampuni yake ndogo, watu wachache kwenye eneo la kazi, mikahawa na vichochoro vya kweli, na mazungumzo anayaandika asubuhi ya siku ile ile wanayopiga picha. Waigizaji wanapewa kurasa zikiwa za moto, wanakariri, wanapiga. Halafu watu wakubwa wanakubali kuja kufanya sehemu ndogo tu. Mama yake Hee-jung humo ni Youn Yuh-jung, yule bibi aliyekuja kuchukua Oscar 2021.

Kuhusu ikulu, niongeze kidogo tu kwa sababu naipenda. Haenggung si makao. Ni mahali pa kufikia. Mfalme Jeongjo alipenda kwenda kuzuru kaburi la baba yake upande ule, na huko ndiko alikolala akiwa safarini. Ukuta unaouzunguka mji wa kale alioujenga yeye huyo, 1794 hadi 1796, upo kwenye orodha ya urithi wa dunia tangu 1997. Kwa anayeijua historia hiyo, mwanamume anayeota jua kwenye nyumba ya mpitanjia ameshajitambulisha kabla hata hajamsogelea yule binti wa maziwa ya ndizi.

Basi rudieni, lakini si usiku mmoja. Leo nusu ya kwanza hadi jina litokee, mzime, mle, mlale. Kesho nusu ya pili. Na shemeji aiweke rimoti mbali. Kila mmoja aandike mahali pa kwanza alipoona kitu kimebadilika, halafu mlinganishe. Mimi na mke wangu tulipofanya hivyo, yeye aliona mabadiliko mapema kuliko mimi, kwenye namna Chun-su anavyosalimia tu. Mimi nilikuwa nasubiri ya maana. Mwisho wa nusu ya pili mtazame bila haraka: safari hii Hee-jung amekuja sinemani, wanaagana, binti anabaki kuitazama filamu ya Chun-su, anatoka nje na theluji inaanguka. Huyo si mtu aliyeachwa, na kama shemeji anaona ameachwa nitapenda kusikia sababu zake.

Mkiipenda, tafuteni The Woman Who Ran, ya 2020, Kim Min-hee yumo tena na ni ya dakika 77 tu. Mapenzi humo yanasimuliwa zaidi kuliko kuonekana, wanawake watatu wanatembelewa na rafiki mmoja. Kuna jirani anakuja mlangoni kulalamika kuhusu watu wanaolisha paka wa mtaani. Mazungumzo yanakwenda kwa adabu nyingi na hayafiki popote, kisha kamera inamvuta karibu paka mwenyewe. Hapo msisogeze mbele.